Mpiga Ngoma Aliyeupa Uwanja Mgongo

Msimu ule timu yetu ilifungwa na karibu kila aliyekuja kucheza nayo, na mtu aliyeipigia ngoma tangu mechi ya kwanza hadi ya mwisho hakuona hata bao moja. Hakuwa kipofu. Macho yake yalikuwa mazima kuliko yangu. Ila alipiga ngoma akiwa ameupa uwanja mgongo, uso wake kwa mashabiki, na kelele zingepanda vipi hakugeuka. Mimi nilikuwa mlinzi wa lango la chini la jukwaa lake, kwa hiyo nilimtazama yeye kuliko nilivyoutazama mpira. Mpira wenyewe haukuwa wa kutazamwa.

Nasema "timu yetu" jinsi dereva wa tajiri anavyosema "gari letu". Ilikuwa klabu ya ligi kuu hapa Doha, yenye wachezaji wa kulipwa waliotoka kila upande wa dunia, basi la vioo vyeusi, na uwanja uliopulizwa hewa baridi hadi chini ya viti. Kampuni yetu ya ulinzi ilikuwa na kazi ya malango. Mimi ni mtu wa Nakuru, na kabla ya hapo mpira ulikuwa mambo ya kaka zangu. Yeye alikuwa Mtanzania, mzee mwembamba mwenye kofia ya kitambaa na viatu vilivyong'arishwa kama vya askari siku ya gwaride. Kitambulisho kilichoning'inia shingoni mwake kilikuwa na jina, lakini sikumsikia mtu akilitumia. Aliitwa Mzee wa Ngoma, na inatosha.

Lazima nieleze aliwapigia akina nani, maana asiyejua mambo ya hapa atadhani jukwaa lilijaa wapenzi wa timu. Wapenzi hasa walikuwa wachache, wazee wa mtaa waliokaa upande wenye viti vya kitambaa na kulalamika kwa sauti ya chini. Upande wetu ulijazwa na mabasi. Yalitoka Sanaiya, kule kwenye kambi za wafanyakazi, yamebeba Wanepali, Wahindi, Waganda, Wakenya, watu waliotoka kumimina zege asubuhi. Wakishuka wanapewa jezi ya kijani, boksi la biriani na kitu kidogo cha mfukoni, na kazi yao ni kuipenda klabu kwa muda wa mechi moja. Wengi hawakujua hata jina la kipa. Mzee wa Ngoma ndiye aliyewageuza kuwa mashabiki, na aliwafundisha kabla ya mechi kuanza, kwa ukali wa mwalimu wa madrasa.

Mafundisho yake yalikuwa mafupi. Ngoma ikienda, imba. Ngoma ikikoroma haraka haraka, simama uinue mikono. Ngoma ikikatika, kaa palepale ulipo, usitazame kulia wala kushoto, usimalizie hata neno. Hilo la mwisho alilirudia mara nyingi kuliko nyimbo zenyewe. Alikuwa akikata ngoma katikati ya shangwe ili aone nani amechelewa kukaa, na aliyechelewa alikipata. Nilimwona akimshika ukosi mwanamume mzima aliyeruka juu ya kiti, akampeleka kwenye basi akakae huko mpaka mechi iishe. Nilimwona dikteta. Nilimwambia hivyo, na yeye akaniambia nyinyi Wakenya Kiswahili mnakishika kwa koleo, lakini neno hilo nimelipatia.

Alikuwa na usemi wake aliourudia kwa Kiswahili, kwa Kiarabu na kwa Kihindi cha kuokoteza, huku akipita kati ya safu: "Shangilieni kwa mikono. Miguu iacheni ilale." Vijana wa kambi walimwiga wakicheka. Mimi pia nilimwiga, tukiwa kwenye basi la kampuni, na watu walivunjika mbavu.

Kwa kuwa hakuutazama mpira, alijua matokeo kwa kusoma nyuso. Kwa wapenzi wa kweli ingekuwa rahisi, lakini kwa hawa wetu ilimponza. Kuna siku tulicheza na timu nyingine yenye kijani, wachezaji wetu wakavaa nyeupe, na basi zima lilikuwa la watu wapya waliokuwa bado hawajafika hata mara moja. Jezi walizopewa zilikuwa zilezile za kijani. Kijani wakafunga bao, jukwaa letu likalipuka, na Mzee wa Ngoma alipoona zile nyuso zimechanua akakoromesha ngoma kwa nguvu zake zote. Alisherehekea bao tulilofungwa mpaka mkono ukachoka. Wale wazee wa viti vya kitambaa waligeuka wote kututazama. Mudiri wa klabu, yaani meneja wake, kijana wa kanzu nyeupe aliyekulia uwanjani hapo akiisikia ngoma ileile, aliteremka akiwa amejishika kichwa, akamwuliza kama amerogwa. Mzee akajibu kwa upole kwamba watu walikuwa wamefurahi. Nilicheka mpaka machozi yakanitoka, na ilinichukua muda kufikiri kwamba mtu mwingine yeyote angegeuka tu atazame.

Mambo yake ya mlango niliyasikia kwa mpishi mmoja wa Kitanga aliyeishi naye chumba kimoja. Mpishi alisema Mzee alikataa kitanda kizuri chini ya kiyoyozi, akachukua kile cha mlangoni ambacho kila anayepita anakigonga. Hapandi lifti. Ijumaa anakwenda msikitini mapema, anakaa nje akisubiri watu wote waingie, kisha anasali safu ya mwisho kabisa karibu na viatu. Kwenye basi anakaa nyuma ya dereva. Mpishi aliona ni ukaidi wa uzee. Alisema pia kwamba kabla ya kulala Mzee hushika kitasa, anakizungusha, anafungua mlango kidogo na kuufunga, ndipo anavuta shuka. Aliyasema hayo kwa kuudhika, kwa sababu mlango ule ulikuwa na mlio.

Ajabu yake nyingine, ya viatu, niliiona mwenyewe. Mechi ikiisha, mabasi yakipiga honi, yeye alibaki akipanda na kushuka jukwaani, akiinama chini ya kila safu. Wafagiaji walikuwepo, haikuwa kazi yake. Alichokuwa akitafuta ni ndala na viatu vilivyoachwa, maana watu wa kambi huvua miguu ipumue na wengine huondoka kwa haraka. Kiatu alichokipata alikifuta kwa kiganja, akakiweka juu ya ukuta mdogo kando ya lango langu. Akipata mwenzake aliviweka pamoja. Kile cha upweke alikiacha hapo mpaka mechi inayofuata, na hakuruhusu kitupwe. Nilikuwa nikifika kazini nakuta ndala moja ya kushoto imekaa ukutani inanitazama, na mwili ulikuwa ukinisisimka bila kujua sababu. Nilimwomba aiondoe. Akasema mwenyewe atakuja.

Lililotufanya tumwone ana nuksi ni kwamba alipenda tukifungwa. Sisemi alifurahia timu kushindwa. Ila kadiri tulivyofungwa ndivyo watu walivyopungua, hata biriani ya bure ikashindwa kuwavuta, na mabasi yakawa yanakuja nusu. Jukwaa likiwa tupu Mzee alikuwa mtu mwingine. Alitabasamu, akawatania Waganda, akawaambia watu wakae kwa nafasi, wanyooshe miguu, uwanja ni wao. Siku tuliyofungwa vibaya kuliko zote alinipa kashata aliyotumiwa kutoka nyumbani. Nikamwambia, Mzee, leo tumeaibika. Akasema anajua, ameona watu wanatoka polepole, na hilo ni jambo jema. Supavaiza wetu, Mkenya mwenzangu, alimsikia, na tangu siku hiyo alisema waziwazi kwamba huyu mzee ndiye mkosi wa timu. Mimi sikubisha. Nilikuwa nimeanza kuamini hivyo kidogo.

Basi ikafika mechi ya mwisho, na hesabu ya ligi ikawa nyepesi: tukishinda tunabaki, tusiposhinda tunashuka daraja. Klabu ikishuka, nusu ya watu waliokula kwa ajili yake wangeondoka. Mudiri akaagiza mabasi kutoka kila kambi iliyokubali. Alitaka jukwaa lijae, televisheni ione kijani kuanzia juu mpaka chini. Supavaiza akatupa amri kwamba refa akipuliza, lango la chini lifungwe kwa cheni na kufuli, kwa sababu mechi zilizopita watu walikuwa wanatoroka mapumzikoni na jezi za watu. "Hakuna mtu anatoka hapo mpaka game iishe," aliniambia. "Nikipata hiyo kufuli iko wazi, utanieleza vizuri."

Mzee wa Ngoma alikuja langoni kwangu mapema alasiri, kabla ya basi la kwanza. Hakuwa na utani. Aliishika ile cheni, akaiangalia, akaniuliza kama ni kweli itafungwa. Nikasema ndiyo, ni amri. Akakaa kwenye ukuta wa viatu, na hapo ndipo aliponiambia, akiwa ananitazama mimi na si kwingine.

"Zamani kwetu nilikuwa nautazama mpira, binti, kama watu wote. Bao likaingia. Nikapiga ngoma macho yangu yako uwanjani, na nyuma yangu watu wanabanana kwenye lango lililofungwa. Nilisikia kelele nikadhani ni furaha. Nikaongeza."

Hakunitajia mji wala mwaka, wala hakusema walikuwa wangapi. Alisema tu kwamba baadaye viatu vilikusanywa kwenye magunia, na yeye alikuwa mmoja wa waliokaa kuvipanga ili jamaa waje watambue. Alisema vingi havikupata mwenzake. Nilimpa pole, na pole yangu ilikuwa ndogo sana kwa jambo lile, nikaona haya. Niliiangalia ndala iliyokuwa ukutani pembeni yake nikatamani kulia. Akaniomba kitu kimoja, kufuli lisifungwe. Sikumwahidi. Nina watoto wawili wanaosoma kwa kazi hii, na supavaiza wetu si mtu wa kuchezea.

Refa alipopuliza niliizungusha cheni mara moja kwenye nondo, nikaliweka kufuli mfukoni.

Sijawahi kuona jukwaa lile limejaa namna ile. Watu walikaa mpaka kwenye ngazi. Mzee alisimama chini mbele yao, ngoma kifuani, jasho likimtiririka licha ya ile hewa baridi, na macho yake yalikuwa yanakwenda safu kwa safu bila kutulia. Kipindi cha kwanza hakikuzaa kitu. Cha pili kilikwenda hivyohivyo mpaka watu wakaanza kuchungulia maboksi ya biriani. Kisha, dakika za jioni kabisa za mechi, mshambuliaji wetu, ambaye msimu mzima alikuwa akipiga mpira juu kama anawinda ndege, akaupata mguuni na kuutia wavuni.

Hata wale waliokodishwa walipagawa. Na mshambuliaji, badala ya kuwakimbilia wenzake, akakimbilia kona yetu, mikono wazi, anataka kukumbatiwa na mashabiki. Watu walimwona anakuja wakateremka kumpokea, jukwaa zima, wa juu wakiwasukuma wa kati na wa kati wakiwasukuma wa chini. Nilisikia cheni ikilia kwenye nondo. Lango likafunguka nje, watu wa mbele wakamwagika kwenye ujia nilipokuwa, na mmoja wao, kijana wa Kinepali mwenye suruali ya kazi bado ina saruji, akaanguka kifudifudi kwenye ngazi ya mwisho. Wa nyuma yake akamruka. Aliyefuata hakumruka. Nilipiga kelele na sikuisikia sauti yangu.

Hapo ngoma ikakatika.

Na wakakaa. Jukwaa zima lilikaa palepale, wengine kwenye ngazi, wengine kwenye mapaja ya wenzao, midomo imefumbwa nusu ya neno, kama walivyofundishwa. Msukumo ukakoma mara moja. Kukawa kimya, kimya ambacho sijakisahau, na katikati yake mshambuliaji wetu amesimama na mikono wazi mbele ya watu waliokaa kitako wakimtazama kama watu wanaosubiri daktari. Taratibu akaishusha mikono. Mzee wa Ngoma alikuwa bado ameupa uwanja mgongo, fimbo ya ngoma ameiinua juu na haishuki.

Televisheni haikuonyesha ngazi ya mwisho. Ilionyesha mashabiki waliokaa chini timu yao ilipofunga bao la kuwaokoa. Mchezo ulirudi, wapinzani wakasawazisha kabla ya filimbi ya mwisho, na tukashuka daraja. Watu walisema bao lilikufa palepale jukwaa lilipokaa, kwamba mzee aliwakata wachezaji maini. Mudiri hakumfokea. Alishuka akamtoa ile fimbo mkononi, kidole kwa kidole, akaondoka nayo. Ile video ilizunguka kwenye simu zetu zote, imewekewa muziki wa kuchekesha, na hakuna aliyeuliza kwa nini.

Mimi ningemweleza mudiri siku ileile. Lakini supavaiza alikuwa ameshanifikia, akanipekua mfukoni akakuta kufuli, akanipeleka ofisini. Huko walitaka habari ya kufuli tu, na nilipomaliza kujieleza mabasi yalikuwa yameondoka na ngoma ilikuwa peke yake kwenye kiti. Hawakunifukuza, nashukuru Mungu, wakanihamishia kwenye jengo la maduka huko Sadd, nifungulie watu mlango unaojifungua wenyewe. Nambari yake ya simu haikupatikana tena. Mpishi wa Kitanga alisema amehama, wengine wakasema amerudi kwao. Nilibaki na mambo ya yule mzee mwilini mwangu. Nikiingia mahali naangalia mlango uko wapi. Watoto wangu wakinipigia simu kutoka kwenye sherehe ya shule nawauliza mmekaa wapi, karibu na mlango wa kutokea au mbali.

Ulipita mwaka na zaidi. Ijumaa moja nilikwenda Muaither kumwona binamu yangu anayelea watoto kwenye nyumba ya watu, na tukiwa tunatoka tukaingia kihoteli cha chai ya karaki kando ya barabara. Televisheni ilikuwa ukutani, inaonyesha mechi. Wanaume wote walikuwa wameigeukia isipokuwa mmoja, aliyekaa karibu na mlango na mgongo wake kwa skrini. Niliijua ile kofia na vile viatu kabla sijaona uso.

Alikuwa amekonda zaidi. Sasa anaendesha gari la familia, alisema, anawapeleka mabinti shule na mama yao dukani, watu wema. Nilimtuma binamu yangu atangulie, nikakaa. Tuliulizana habari za nyumbani, akanitania koleo langu la Kiswahili, na kisha akaanza kuizungusha glasi ya chai.

"Niliharibu, binti," akasema. "Hakukuwa na kitu siku ile. Niliona mambo ya zamani, nikawakalisha watu. Klabu nzima imeshuka kwa ajili ya macho yangu."

 Muda wote ule nilidhani alikuwa amemwona yule kijana. Kumbe alikuwa ameona mawimbi ya vichwa tu, kijana mwenyewe alianguka upande wa lango, ambako ukuta mdogo ulimficha asionekane. Mwaka mzima na zaidi mtu huyu alikuwa ameishi akiamini amekata ngoma kwa sababu ya mizimu yake mwenyewe. Nikamwambia. Nikamweleza cheni ilivyolia, lango lilivyofunguka, kijana mwenye saruji kwenye suruali, aliyemruka na ambaye hakumruka, na jinsi msukumo ulivyokoma ngoma ilipokatika.

Glasi ikaacha kuzunguka.

"Aliinuka?"

"Aliinuka, Mzee. Mwenyewe. Akawa anachechemea, mguu mmoja peku, anatafuta kiatu."

"Alikipata?"

"Alikipata. Kilikuwa chini ya ngazi, cha kushoto. Nilimpa mimi kwa mkono wangu."

Akaniomba nirudie, nikarudia. Akaniuliza kama nina hakika kilikuwa chake, si cha mtu mwingine, nikasema alikivaa mbele yangu, akafunga kamba, akaenda kukaa kama wenzake. Mzee aliinamisha kichwa, machozi yakimdondoka mezani, na hakuyafuta. Mimi nililia pia. Mwenye kihoteli alituletea chai nyingine bila kuagizwa.

Nyuma yake watu waliruka kwa shangwe, mabenchi yakagonga sakafu. Nilimwona amekaza mabega kwa mazoea. Kisha akakishika kiti chake kwa mikono miwili, akakiinua kidogo na kukigeuza, akakaa akiitazama skrini, wachezaji wanakumbatiana, mpira bado uko wavuni.

"Wetu ni wepi hapo?" akaniuliza.

Nikamwambia wetu hawaonyeshwi, wako daraja la chini.

"Basi hawa si wetu," akasema, na akaendelea kutazama.